Mafuta ya Turkana yamebadilisha nini kama hata hayajaanza kuuzwa vizuri?

Kila nikitaja mafuta ya Turkana, kule kaskazini magharibi mwa Kenya, naulizwa swali moja, kwani yale mafuta yaliishia wapi? Na ni swali halali kabisa. Tarehe 26 Machi 2012 rais Kibaki alitangaza kwamba kampuni ya Tullow imegonga mafuta kwenye kisima cha Ngamia 1, bonde la Lokichar, nchi nzima ikafurahi, halafu miaka ikapita, petroli kwa pampu ikazidi kupanda bei na mtu wa kawaida hajaona hata shilingi. Lakini muulize mtu wa Lokichar swali hilohilo uone atakavyokuangalia. Kwake mafuta yalishafika. Yalikuja na malori, na ua wa waya katikati ya njia ya mbuzi, na wageni wa kutafuta ploti, na wanasiasa wenye sauti kubwa kuliko zamani, na bunduki nyingi upande mmoja na chache upande mwingine, halafu yakaondoka, na saa hii yanasemekana yanarudi.

Hiyo ndo kitu nataka kueleza hapa. Mafuta hayangoji kuuzwa ndo yabadilishe mahali, inatosha watu wajue yapo chini. Siku ile habari inatoka, kila mtu anaanza kujipanga kulingana na pesa ambayo haijaja bado, na huko kujipanga ndo kunabadilisha kila kitu, nani ni kiongozi, nani ana haki ya ardhi, jirani ni rafiki ama ni adui, hata neno "jamii" lenyewe linaanza kugombaniwa.

Kwanza uelewe Turkana ilikuwa nini kabla. Wakati wa mkoloni hii ilikuwa wilaya iliyofungwa, huingii wala hutoki bila kibali, Waingereza waliifanya ukuta wa kuzuia Ethiopia na Sudan na hawakutaka kujua zaidi ya hapo. Jomo Kenyatta walipotaka kumficha mbali walimpeleka Lokitaung, baadaye Lodwar, zote ni Turkana, yaani kwa serikali hii ilikuwa sehemu ya kumtupa mtu. Uhuru ulipokuja haikubadilika sana. Mwaka 1965 serikali ilitoa ule waraka wake maarufu, Sessional Paper namba 10, ambao mpango wake ulikuwa pesa ya maendeleo iende kule ambako inazaa haraka, yaani nyanda za juu zenye mvua na mashamba, na wafugaji wa kaskazini wakaachiwa chakula cha msaada na barua za uhamisho wa watumishi waliokosea. Ndo maana mpaka leo utasikia mtu wa Lodwar akisema anasafiri "kwenda Kenya", na hachekeshi mtu. Takwimu za serikali za 2015/16 ziliweka Turkana namba moja kwa umaskini nchini, karibu watu 8 kwa kila 10.

Sasa mahali kama hapo ndo panaambiwa ghafla panakalia utajiri. Lakini kuna kitu wengi wanasahau wakisimulia hii hadithi, mafuta hayakuja peke yake. Yalitangazwa 2012, na Machi 2013 tukapiga kura ya kwanza chini ya katiba mpya, kaunti 47 zikazaliwa. Turkana kwa sababu ya ukubwa na umaskini wake ikapata mgao wa zaidi ya shilingi bilioni 7 mwaka wa kwanza, ya pili nyuma ya Nairobi. Hebu fikiria hiyo. Mahali ambapo kwa miaka 50 ofisi kubwa ilikuwa ya DC aliyetumwa kutoka mbali, leo kuna gavana mwenye bajeti, kuna MCA, yaani mwakilishi wa wadi, kila wadi, kuna tenda, na juu ya hayo yote kuna ahadi ya mafuta. Kwa hiyo ukisikia mtu anasema mafuta yalileta siasa Turkana, mwambie ni mafuta na ugatuzi kwa pamoja, ugatuzi ulitoa viti na mafuta yakatoa sababu ya kuvigombania kufa kupona.

Gavana wa kwanza Josphat Nanok alielewa hili mapema sana. Zamani mwanasiasa wa Turkana alikuwa anaenda Nairobi kuomba mahindi ya njaa, Nanok akaenda kudai asilimia. Hiyo ni lugha tofauti kabisa, na mi naona ndo badiliko kubwa kuliko yote mafuta yalileta, watu walioko pembeni walipata kitu ambacho katikati wanakitaka. Mwaka 2016 bunge lilikuwa limepitisha mswada wa petroli uliompa mwananchi wa pale kwenye visima asilimia 10, rais Uhuru Kenyatta akakataa kuusaini akaurudisha akitaka iwe 5. Ukawa ugomvi mkubwa, Nanok na Uhuru wakarushiana maneno hadharani, uchaguzi wa 2017 ukapiganwa juu ya huo ugomvi na Nanok akarudi kitini. Mwishowe Mei 2018 wakakaa wakaelewana, na sheria ikasainiwa Machi 2019, serikali kuu asilimia 75, kaunti 20, jamii ya pale 5.

Hapa ndo watu wengi hupotea kwa hivyo nitaenda polepole. Asilimia 5 ya nini? Mtu akisikia anadhani kila mapipa 100 yakitoka, 5 ni ya Turkana. Sivyo. Mkataba wa mafuta unafanya kazi hivi, kampuni inachimba kwa pesa yake, na mafuta yakianza kuuzwa inajilipa kwanza gharama zake za nyuma. Kinachobaki baada ya gharama ndo faida, na hiyo faida inagawanywa kati ya kampuni na serikali. Sasa ule mgao wa 75, 20 na 5 unakata hicho kipande cha serikali peke yake. Chukua mfano wa kubuni tu ili uone hesabu, mapipa 100 yametoka, 60 yameenda kulipa gharama, yamebaki 40, kampuni na serikali wagawane nusu kwa nusu, serikali ina 20. Kwenye hayo 20, serikali kuu inabaki na 15, kaunti inapata 4, na jamii inapata pipa 1. Moja kati ya mia. Kwa hiyo kushuka kutoka 10 mpaka 5 hakukuwa kitu kidogo, ni kutoka mapipa mawili mpaka moja, na gharama zikiwa kubwa zaidi hata hilo moja linapungua. Na nani anakagua hizo gharama? Ukubali usikubali hilo swali lina maana kuliko asilimia yenyewe, maana kila dola ambayo kampuni inasema ilitumia inaingia kwenye gharama zinazokatwa kabla ya faida kugawanywa, na mzee wa Lokichar hana namna yoyote ya kufungua hicho kitabu.

Turudi chini kwenye vumbi. Kampuni ilipoanza kazi ilihitaji walinzi, madereva, watu wa kushika bendera barabarani, wapishi, magari ya kukodi, na kila hiyo nafasi ikawa vita. Kijana wa Lokichar anaona gari la kukodi lina namba ya mwenye hoteli Eldoret, anaona fundi amekuja kutoka Nairobi, anauliza hii kazi ya nani. Oktoba 2013 watu waliandamana, wakiwa na wanasiasa wao, wakaingia kwenye eneo la kisima cha Twiga, na Tullow wakasimamisha kazi karibu wiki mbili mpaka makubaliano yakaandikwa. Na somo ambalo kila mtu alichukua pale ni moja, ukifunga barabara unasikilizwa. Barua hazijibiwi, mikutano inaahirishwa, lakini barabara ikifungwa helikopta inatua siku hiyohiyo. Sasa ukishajua hivyo, na barabara ni moja tu, utaacha kuifunga?

Ila angalia pia nani alinufaika na ile kelele. Tenda zikaanza kuitwa za wenyeji, vizuri, lakini mwenyeji mwenye kampuni iliyosajiliwa, akaunti ya benki na cheti cha kodi si yule anayelisha mbuzi Nakukulas, kijiji cha karibu na visima, ni yule aliyesoma, aliyekuwa diwani, shemeji wa mheshimiwa. Kwa hiyo tabaka jipya likazaliwa ndani ya Waturkana wenyewe. Wale wa mifugo wanaitwaga raiya, ndiyo, ni neno letu la raia, na wao wanalitumia kumaanisha mtu wa kuhama na wanyama tofauti na mtu wa mjini. Kabla ya mafuta tofauti ya raiya na mtu wa mji ilikuwa ya maisha tu. Baada ya mafuta ikawa tofauti ya nani anaongea kwa niaba ya nani, na wa mjini ndo alikuwa anashika maikrofoni.

Ardhi ndo usiseme. Turkana karibu yote ni ardhi ya jamii, haina hati, haina mawe ya mipaka, kilichopo ni haki za kupita na kunywesha ambazo kila adakar inazijua, adakar ni lile kundi la familia zinazohama na kulisha pamoja. Mambo ya malisho yalikuwa yanamalizwa na wazee chini ya mti. Sa wewe leta ramani ya bloki za mafuta, 10BB, 13T, imechorwa Nairobi na kusainiwa Nairobi, halafu mwambie yule mzee kwamba pale kuna mwenyewe mwingine. Mtu asiyehama anaona kisima kilichozungushiwa waya ni kipande kidogo tu kwenye jangwa kubwa hivi, shida iko wapi. Shida ni kwamba mfugaji hatumii ardhi kwa ukubwa, anaitumia kwa wakati. Ile sehemu ndogo yenye majani ya kiangazi inaweza kuwa ndo inashikilia mbuzi hai mwezi wa mwisho kabla mvua, ukiifunga hiyo umefunga sehemu kubwa zaidi ya ile uliyozungushia. Na mji wa Lokichar nao ukaanza kupimwa ploti, nyumba za kulala wageni zikapanda, boda boda zikajaa, bei ya chakula ikapanda pia kwa wale wasio na mshahara wa kampuni. Familia zikasogea karibu na kambi kwa sababu ya maji ya matenki yaliyokuwa yanajazwa na kampuni, wakakaa hapohapo badala ya kuhama, na ukikaa sehemu moja na mbuzi wengi kwenye nchi kame, majani yanaisha.

Kwenye maji kuna kisa kinauma. Septemba 2013 serikali na UNESCO walitangaza ziwa kubwa la maji chini ya ardhi Lotikipi, magazeti yakaandika Kenya imepata maji ya miaka mingi, Waturkana wakaambiwa kiu imekwisha. Walipochimba kuangalia vizuri, yale maji ni chumvi, hayanyweki. Sasa mafuta ya Lokichar nayo yanahitaji maji mengi ya kusukumia chini visimani, na mpango ukawa kuyavuta kwa bomba kutoka bwawa la Turkwel. Yaani bomba la maji lipite kwenda kwa mafuta, mbele ya mama anayechimba mchanga wa mto mkavu kwa mikono apate mtungi mmoja. Kampuni iliahidi vijiji vya njiani navyo vitapata. Sawa, ila mtu ana haki ya kutaka kuiona hiyo kwa macho yake kwanza.

Halafu bunduki. Turkana na Pokot wamepigana juu ya ng'ombe tangu zamani, hiyo si habari. Kilichobadilika ni maana ya mapigano. Zamani ngoroko anakuja, anachukua mifugo, anaondoka, na ukijipanga unaenda kurudisha. Mafuta yalipotangazwa mpaka wa kaunti ukawa mpaka wa pesa, na sehemu kama Kainuk, Lomelo na Kapedo zikawa na swali jingine kabisa, hapa ni kwa nani kwenye ramani, kwa sababu ramani ndo itaamua asilimia 20 iende kwa nani. Ukipigwa risasi Kainuk leo watu hawaulizi tena ng'ombe wangapi wameenda, wanauliza nani anataka tuhame. Hiyo hofu hata kama wakati mwingine haina msingi, inafanya kazi kama ya kweli, watu wanahama, shule zinafungwa, na mwenzako anasema si mmeona, wametuachia. Mwishoni mwa 2014 Kapedo waliuawa askari karibu 20 kwa shambulio moja, na operesheni iliyofuata ikaumiza wananchi wengi ambao hawakuwa na kosa.

Na kuna kitu hapa kidogo lakini kwangu mi kinaeleza mengi. Vijiji vya huko vilikuwa vinalindwa na polisi wa akiba, KPR, vijana wa palepale wenye bunduki ya serikali wasiolipwa mshahara. Kampuni za mafuta zilipofika zikahitaji ulinzi na zilikuwa na posho ya kila siku, kwa hiyo KPR wengi wakaenda kusimama getini kwenye visima. Huwezi kumlaumu mtu, ana watoto. Lakini yule mzee na mbuzi wake kilomita 30 kutoka hapo akabaki bila mtu. Bunduki zilikuwa zilezile, zilihama tu kutoka kwa mifugo kwenda kwa mafuta, na hakuna aliyekaa na wanakijiji akawauliza.

Ndo maana sikushangaa 2018. Juni 3 Uhuru alienda Ngamia kupunga bendera ya malori ya kwanza, mpango ulikuwa ni kubeba mafuta kwa barabara mpaka Mombasa kwenye matangi ya Changamwe, mwisho mapipa 2,000 kwa siku, kwenye kontena maalum zinazoshika joto kwa sababu mafuta ya Lokichar yana nta, yakipoa yanaganda. Mwezi haujaisha wananchi wakasimamisha malori, kisa si asilimia, ni usalama, watu wanauawa na malori yana msafara wa polisi. Ikachukua wiki kadhaa mpaka Agosti ndo yakaendelea. Agosti 2019 meli ya kwanza ikaondoka Mombasa na mapipa 200,000 yaliyonunuliwa na ChemChina kwa kama dola milioni 12, sherehe ikafanyika. Halafu mvua zikabomoa barabara, Korona ikaja, bei ya mafuta duniani ikaanguka, na katikati ya 2020 lori la mwisho likawa limepita.

Bomba la kwenda Lamu, karibu kilomita 820, halijajengwa mpaka leo. Matumaini yalikuwa Uganda watapitishia yao hapa tugawane gharama, 2016 wakachagua Tanga, bomba lao la kilomita 1,443 kutoka Hoima linapita Tanzania, na hesabu ya Turkana ikawa ngumu zaidi. Mei 2023 Africa Oil na Total, waliokuwa washirika wa Tullow, wakajitoa, wakaiacha Tullow peke yake, na 2025 Tullow nao wakauza kila kitu chao cha Kenya kwa Gulf Energy, kampuni ya hapahapa nyumbani, kwa angalau dola milioni 120.

Wakati kampuni imetulia Lokichar ilibaki vipi? Nyumba za wageni bila wageni, magari ya kukodi yenye mkopo, matenki bila maji. Wazee wa Turkana hawakushtuka kama vijana, kwa sababu waliishaona. Kalokol walijengewa kiwanda cha samaki kwa msaada wa Norway, kilifanya kazi kidogo kikanyamaza na jengo likabaki. Lokichoggio kuanzia 1989 ilikuwa kitovu cha misaada ya Sudan, ndege zinatua kutwa nzima, mahoteli, mishahara ya dola, amani ya 2005 ilipokuja mashirika yakahamia upande wa pili na Loki ikarudi kuwa kimya. Mtu aliyeishi Loki mwaka 1998 na 2010 anajua kitu kuhusu mafuta ambacho hakimo kwenye ripoti yoyote ya mwekezaji.

Sasa na mwenyewe mpya ameingia, kila mtu anauliza mafuta yataanza lini. Mi naangalia sehemu nyingine. Ile asilimia 5 sheria inasema iende kwa mfuko wa amana, na bodi yake iundwe na kaunti ikishauriana na jamii. Na ardhi, Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inasema jamii ijisajili, iandike daftari la watu wake, ichague kamati, na mpaka isajiliwe ni kaunti inashika hiyo ardhi kwa niaba yao pamoja na fidia yoyote itakayolipwa. Kwa hiyo kila kitu tulichopigania tangu 2012 kimerudi kwenye karatasi moja, daftari la majina. Likiletwa Lokichar mwezi wa kiangazi kikali, wa mjini watakuwepo wote, na madiwani wa zamani, na wenye kampuni za tenda. Mama wa Nakukulas atakuwa ameshuka na mbuzi kutafuta majani siku nne za kutembea kutoka hapo, hana simu yenye chaji, atarudi mvua ikinyesha. Kama hakuna mtu amepewa kazi ya kumfuata huko aliko na lile daftari mkononi, basi kisima kiko kwenye malisho yake na jina lake halimo.